Mlinzi wa Joto na Chakula Chake

Joto ni mtumishi mwema likiwa na msimamizi, na mharibifu likiachwa peke yake. Mpishi hukaa karibu na chungu chake, na kuku huatamia mayai yake, akitoka kidogo na kurudi, mpaka siku ya ishirini na moja. Kwa muda mrefu binadamu alitafuta chombo cha kumfanyia kazi hiyo ya ulinzi, akakipata, akakiita themostati. Kazi yake ni kuhisi joto na kulilinganisha na kiasi kilichowekwa. Likipungua huwasha moto, likizidi huuzima. Lakini hakuna mlinzi asiyekula. Katika insha hii twataka kutazama themostati imekula nini tangu ilipobuniwa, na kwa nini shida ya chakula chake iliongezeka kadiri ilivyozidi kuwa na akili.

Jambo hili lawahusu watu wa Naro Moru sawasawa na watu wa nchi za theluji. Mji huo uko upande wa magharibi wa Mlima Kenya, kiasi cha meta 2,000 juu ya usawa wa bahari, katika reli iendayo Nanyuki. Mchana jua lake ni kali. Usiku baridi hushuka kutoka mlimani. Nyumba za huko aghalabu hupata joto kwa moto wa kuni au makaa, wala hazina tanuri kubwa kama zile za Ulaya na Marekani. Basi themostati haionekani ukutani. Imejificha ndani ya jokofu la chanjo na ndani ya mashine ya kuangulia mayai. Na huko ndiko inakohitajika zaidi, kwa sababu kifaranga aliye ndani ya yai hawezi kujitafutia blanketi.

Yafaa kukumbuka kwamba historia ya chombo hiki ilianza na mayai. Katika miaka ya 1620 hivi, Mholanzi mmojawapo wa wavumbuzi wa zama zake, Cornelius Drebbel, alitengeneza tanuri la kuangulia mayai lililojitawala lenyewe. Joto lilipozidi, kimiminiko kilichokuwa ndani yake kilivimba, kikasukuma zebaki, nayo zebaki ikapunguza hewa iliyoingia motoni. Mwaka 1830 Mskoti Andrew Ure alitumia vipande viwili vya metali mbalimbali vilivyounganishwa. Kwa kuwa metali moja hutanuka kuliko nyingine, kipande kizima hupinda kinapopata joto, na kupinda huko kukatosha kufungua au kufunga mlango wa hewa. Yeye ndiye aliyekipa chombo hiki jina la themostati. Mwaka 1881 Mwingereza Charles Hearson alitia kimiminiko chepesi ndani ya kibweta chembamba cha bati; joto lilipofika kiasi, kibweta kilivimba na kuinua kifuniko cha taa ya mafuta iliyopasha mayai.

Mwanafunzi mwenye kufikiri ataona kitu kimoja katika mashine hizo zote. Hazikuhitaji nguvu nyingine yoyote. Zilikula joto lilelile zilililolinda. Taa ikiwaka, mlinzi yu macho. Taa ikizimika, hana tena cha kulinda. Hazikuweza kufa njaa kazi ikiwapo.

Mabadiliko yalitoka shuleni. Warren Johnson alikuwa mwalimu katika chuo cha walimu cha mji wa Whitewater, Marekani. Wakati wa baridi mtumishi wa chuo alilazimika kuingia darasani kila mara kutazama kipimajoto, kisha kushuka chini kurekebisha tanuri, na masomo yakakatizwa. Johnson akatengeneza themostati ya umeme iliyopiga kengele huko chini, naye mtumishi akajua la kufanya bila kufungua mlango wa darasa. Hati ya uvumbuzi huo aliipata mwaka 1883. Tangu hapo mlinzi aliweza kukaa mbali na moto, na habari zake zikapita katika waya. Lakini sasa alihitaji umeme, na umeme ni chakula kinacholetwa kutoka mahali pengine.

Kwa miaka mingi chakula hicho kilikuwa kidogo. Themostati ya mviringo ya Honeywell, iliyotolewa mwaka 1953 na kuenea katika nyumba nyingi za Marekani, ilikuwa na kichupa cha zebaki juu ya metali iliyojisokota. Metali ilipopinda, zebaki iliviringika na kuunganisha waya mbili, na umeme wa volti 24 ukapita kwenda kuliamsha tanuri. Chombo chenyewe hakikutumia umeme huo. Kiliupisha tu, kama bawabu afunguaye mlango asiingie ndani.

Mwaka 2011 ilitokea themostati ya Nest, ambayo ilikumbuka desturi za wenye nyumba na kuzungumza na simu zao kwa intaneti. Akili hiyo yote huhitaji umeme usiku na mchana, na katika nyumba za zamani ukutani mlikuwa na waya mbili tu, zilizotosha bawabu asiyekula. Mafundi wakaifanya idokoe umeme. Tanuri likiwa limezimwa, mkondo mdogo hupita katika themostati, usiotosha kuliamsha tanuri lakini watosha kujaza betri ndogo iliyomo. Tanuri likiwaka, waya zile mbili huwa zimeunganishwa, na kwa mlinzi hubaki kidogo sana cha kudokoa. Huishi kwa akiba. Baridi ikidumu na tanuri likiwaka muda mrefu, akiba huweza kwisha. Dawa iliyo bora ni waya wa tatu, unaorudi kwenye transfoma na kumpa mlinzi riziki yake mwenyewe. Au transfoma ndogo ya pembeni iliyochomekwa ukutani. Hata akiba yaweza kupotea kwa sababu nyingine. Januari 2016 hitilafu ya programu ilimaliza betri za themostati hizo katika nyumba nyingi, na wenyewe wakaamka katika baridi kali. Makaa ya zamani yasingewatenda hivyo.

Sasa turudi mlimani. Chakula cha themostati ya Naro Moru chatoka mbali. Mto Naro Moru wenyewe huelekea kaskazini na kuingia Ewaso Ng'iro, lakini maji ya kusini mwa Mlima Kenya na yale ya milima ya Nyandarua hukutana katika mto Tana, na humo ndimo Kenya ilimojenga sehemu kubwa ya umeme wake wa maji. Kituo cha Ndula, kwenye mto Thika, kilianza mwaka 1925. Yakafuata mabwawa makubwa: Kindaruma mwaka 1968, Kamburu 1974, Gitaru 1978, Masinga 1981 na Kiambere 1988, na mwaka 1981 mvuke wa ardhini wa Olkaria ukaongezwa. Vituo hivyo vyote hufungamana kwa nyaya, hata shida ya kimoja yaweza kuwa shida ya wote. Tarehe 7 Juni 2016 tumbili alianguka juu ya transfoma katika kituo cha Gitaru, na karibu nchi nzima ikakosa umeme kwa saa zaidi ya tatu. Usiku wa tarehe 25 Agosti 2023 giza lilienea tena, na sehemu nyingi zikakesha bila taa.

Hebu tufikiri juu ya mashine ya mayai katika usiku wa namna hiyo. Mayai hutaka joto la nyuzi 37.5 hivi. Umeme wa volti 240 huingia kwa plagi yenye fyuzi. Sehemu yake hupasha joto, na sehemu ndogo hupunguzwa kuwa volti 12 hivi kwa kulisha ubongo wa themostati. Ikiwa kioo cha namba kimezimika, fundi mwenye busara hafungui kila kitu kwa pupa. Kwanza hutazama kama nyumba ina umeme. Kisha fyuzi ya plagi. Kisha, baada ya kuchomoa plagi, waya zilizolegea. Mwisho kile kifaa kipunguzacho volti, ambacho huweza kuungua umeme unaporudi kwa nguvu ya ghafula. Ikiwa namba zinaonekana lakini joto halipandi, basi mlinzi amekula, na ugonjwa uko katika swichi au katika kipasha joto. Wakati huo mlango wa mashine usifunguliwe ovyo, na blanketi izungushwe nje bila kuziba hewa. Mayai hustahimili baridi ya saa chache kuliko joto la kupita kiasi. Mwenye betri ya volti 12 iliyounganishwa mapema hulala bila hofu.

Suluhisho jingine lapatikana katika majokofu ya chanjo. Chanjo nyingi hutakiwa kukaa kati ya nyuzi 2 na 8. Zikipita hapo huharibika, na kwa macho hazionyeshi. Yako majokofu ya nguvu za jua yasiyotegemea betri kubwa za kutunzia umeme: mchana jua hugandisha barafu iliyo katika kuta zake, na usiku barafu hiyo hulinda chanjo. Akiba imewekwa katika baridi yenyewe. Hapo twamwona Drebbel akirudi kwa mlango mwingine, maana mlinzi tena anakula kile anachokilinda.

Haifai kuidharau akili ya vyombo vya sasa, maana imepunguza upotevu na kazi nyingi. Walakini kila akili tunayokipa chombo ni deni la chakula tunalojitwika. Yeyote anunuaye mlinzi mwerevu, awe katika mji wa theluji au chini ya Mlima Kenya, na aulize maswali mawili kabla ya kulipa: atakula nini, na siku chakula kisipofika, ni nani atakayekesha?