Mogambo: Neno Moja Lililogeuza Kisa

Mwaka 1953 kampuni ya Metro-Goldwyn-Mayer ya Marekani ilitoa filamu iitwayo Mogambo. Iliongozwa na John Ford, na sehemu yake kubwa ilipigwa picha katika Kenya, Tanganyika na Uganda. Kisa chake ni cha mke wa mtu, Linda Nordley, ambaye akiwa safarini pamoja na mumewe anampenda mwindaji, Victor Marswell.

Kisa hicho kilikwisha kuonyeshwa mwaka 1932 katika filamu ya Red Dust. Clark Gable ndiye aliyeigiza mwanamume huyo katika zote mbili. Ile ya kwanza ilisema mambo waziwazi zaidi, kwani masharti ya maadili ya Hollywood yalianza kusimamiwa kwa ukali mwaka 1934.

Hata hivyo, badiliko kubwa lilifanyika Hispania. Wakaguzi wa serikali ya Jenerali Franco hawakupenda watu wamwone mwanamke aliyeolewa akipenda nje ya ndoa. Picha hawakuweza kuzipiga upya, ila maneno waliyaweza. Filamu ilipotiwa sauti za Kihispania, mume na mke waligeuzwa kaka na dada. Lakini macho hayakudanganyika: watazamaji waliwaona ndugu hao wakitendeana kama wanandoa. Wakaguzi waliruka majivu, wakakanyaga moto. Kwa kuficha uzinifu walizua zinaa ya maharimu.

Hata jina la filamu lilisingiziwa. Imedaiwa mara nyingi kuwa mogambo ni Kiswahili chenye maana ya mapenzi makali. Sisi walimu twajua mgambo, ile mbiu ya kuwaita watu. Nayo ikilia, kuna jambo.

Hapa Lumino, karibu na mpaka wa Uganda na Kenya, jambo hili si geni. Katika vibanda vya video vya Uganda wamo wafasiri wanaoeleza filamu za kigeni kwa Kiganda huku zikionyeshwa, wakitia na utani wao. Mtazamaji asiyejua lugha ya asili hana budi kuwaamini.

Basi tunapowafundisha wanafunzi wetu kufasiri, na tuwaonye. Mfasiri aweza kulipunguza neno ukali wake ili kulinda adabu. Lakini akiligusa neno “mke” au “dada,” hakubadili neno tu. Amebadili kisa kizima, na lawama ataibeba mwenye kisa.