King Majuto: Miaka Sitini ya Uigizaji na Somo la Mikataba

Jina lake halisi ni Amri Athumani, lakini Watanzania wengi walimfahamu kwa jina la King Majuto. Alizaliwa Tanga mwaka 1948, akaanza kuigiza jukwaani mwaka 1958 akiwa bado mtoto, na akaendelea na kazi hiyo hadi maradhi yalipomzuia. Alifariki dunia Agosti 8, 2018 katika Hospitali ya Taifa Muhimbili, jijini Dar es Salaam, akiwa na umri wa miaka 70. Mwili wake uliagwa katika viwanja vya Karimjee kabla ya kusafirishwa kwenda Tanga kwa maziko.

Maisha yake ya kisanaa yalipita katika karibu kila hatua ya burudani nchini. Alipoanza, msanii alikutana na watazamaji wake ana kwa ana, jukwaani. Tanzania Bara haikuwa na kituo cha televisheni hadi mwaka 1994, vituo binafsi vilipoanza kurusha matangazo. Baadaye zikaja filamu za video, zilizouzwa kwanza kwenye kanda na kisha kwenye diski. Waigizaji wengi wa jukwaani hawakuweza kuvuka hatua hizo zote. Yeye alivuka, na akajipatia watazamaji wapya waliokuwa na umri wa wajukuu zake.

Siri ya kudumu kwake ilikuwa uwezo wa kumpa kila mhusika uhai wake. Aliigiza baba mkali asiyesikilizwa na watoto wake, mzee bahili anayeficha fedha, mtu wa shamba anayeshangaa mambo ya mjini, na mzee wa makamo anayejiona bado kijana. Alitegemea zaidi uso, mwendo na lafudhi ya mwambao, wala hakuhitaji mavazi ya ajabu ili achekeshe. Katika filamu alizocheza na marehemu Hussein Mkiety, maarufu Sharo Milionea, kichekesho kilizaliwa katika mgongano wa vizazi viwili: mzee mwenye maneno ya zamani na kijana mwenye majigambo ya mjini. Ushirikiano huo ulikatishwa Novemba 2012, Mkiety alipofariki kwa ajali ya gari mkoani Tanga.

Ingawa makazi yake yalikuwa Tanga, soko la kazi zake lilikuwa Dar es Salaam, hususan Kariakoo. Katika mitaa inayozunguka soko hilo ndipo wasambazaji walipokuwa na maduka na ofisi zao. Wafanyabiashara wa mikoani walinunua humo diski kwa jumla, na wamachinga wakazitembeza barabarani. Filamu iliyotoka Kariakoo iliweza kufika katika vibanda vya video na mabasi ya mikoani. Uharamia nao ulisafiri kwa njia hiyo hiyo. Aprili 2017, waigizaji waliandamana Kariakoo kupinga uuzaji wa filamu za nje zisizofuata taratibu, wakidai kuwa zinaua soko la ndani.

Hata hivyo, hasara ya msanii haikutokana na uharamia peke yake. Katika biashara hiyo ilikuwa kawaida mtayarishaji kumuuzia msambazaji haki zote za filamu kwa malipo ya mara moja. Mwigizaji alilipwa ujira wake siku za kurekodi, na baada ya hapo hakuwa na fungu katika mauzo, hata kama sura yake ndiyo iliyopamba jalada.

Suala hilo lilijitokeza hadharani mwaka 2018, King Majuto alipokuwa mgonjwa na kupelekwa India kwa matibabu. Wakati huo, Waziri wa Habari, Utamaduni, Sanaa na Michezo alikuwa Dkt. Harrison Mwakyembe, ambaye aliunda kamati ya kupitia mikataba ya wasanii, ikiwemo ya King Majuto. Kwa wananchi wengi, ilikuwa mara ya kwanza kujiuliza jinsi uso unaofahamika nchi nzima unavyoweza kukosa akiba ya kuuguzia.

Tanzania inayo Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki Na. 7 ya mwaka 1999, inayosimamiwa na Ofisi ya Hakimiliki Tanzania (COSOTA). Lakini kwa muda mrefu ulinzi wa mwigizaji wa filamu ulikuwa hafifu duniani kote. Mkataba wa Roma wa mwaka 1961 unaeleza kwamba mwigizaji akisharidhia kurekodiwa katika filamu, ulinzi aliopewa na mkataba huo kuhusu onesho lake hautumiki tena. Pengo hilo lilianza kuzibwa na Mkataba wa Beijing wa mwaka 2012, ulioanza kutumika Aprili 28, 2020.

Wahenga walisema majuto ni mjukuu. Kwa mwigizaji chipukizi, somo linalobaki katika maisha ya mkongwe huyu ni kuuliza kabla ya kusaini: haki anazotoa ni zipi, ni kwa muda gani, sura yake itatumika wapi, na kazi ikiuzwa tena atapata nini. Majibu yawe katika maandishi, na nakala moja ibaki mikononi mwake.