Warukaji wa Ng'ambo ya Kagera

Somo letu la leo ni habari za kuruka juu.

Ninyi wa Karagwe na Kyerwa mwaujua mto Kagera. Ng'ambo yake ni Rwanda. Huko vijana walikuwa na mchezo wa kuruka juu ya kamba iliyofungwa kati ya miti miwili. Mwaka 1907 Adolf Friedrich, Mjerumani wa ukoo wa kifalme, aliutazama mchezo huo Nyanza, kwa Mfalme Musinga. Aliandika kwamba aliyewashinda wenzake aliruka mita 2.50. Wakati ule rekodi ya dunia ilikuwa mita 1.97!

Lakini tupime kwa haki. Vijana wale walikanyaga kwanza kichuguu chenye kimo cha sentimita 30 hivi. Tukiiondoa, yabaki mita 2.20. Kama kipimo kilikuwa sawa, bado waliipita rekodi.

Mwaka 1993, Javier Sotomayor wa Kuba aliruka mita 2.45 mjini Salamanca, Hispania. Jina lake limeandikwa. Kijana wa Nyanza ameachiwa picha tu, bila jina.

Basi, ndugu, shikeni kalamu. Akiruka kijana wenu, andikeni jina, tarehe na kipimo.