Mirkwood

Mirkwood ni msitu mkubwa wa kubuniwa katika hadithi za mwandishi Mwingereza J. R. R. Tolkien (1892–1973). Uko Middle-earth, dunia ambayo Tolkien aliibuni pamoja na lugha, ramani na historia yake. Msitu huo unajulikana hasa kutokana na riwaya ya The Hobbit (1937), ambamo wasafiri wanakaribia kuangamia humo kwa njaa, giza na buibui wakubwa. Unatajwa pia katika The Lord of the Rings (1954–1955).

Jina

Mirkwood maana yake ni "msitu wa giza". Tolkien hakulitunga jina hilo. Mashairi ya kale ya Skandinavia yana msitu uitwao Myrkviðr, na mwandishi William Morris alikwisha kutumia umbo la Mirkwood katika The House of the Wolfings (1889). Tolkien alikuwa profesa wa Kiingereza cha kale katika Chuo Kikuu cha Oxford, hivyo maandiko ya aina hiyo aliyafahamu vizuri.

Ndani ya hadithi zenyewe, jina hilo ni la baadaye. Hapo mwanzo msitu uliitwa Msitu Mkubwa wa Kijani, na ukabadilishwa jina baada ya kuingiwa na uovu.

Mahali na wakazi

Msitu uko mashariki ya mto mkubwa Anduin na magharibi ya Erebor, mlima ambamo joka Smaug alilalia hazina aliyoipora. Kaskazini wanaishi Waelfi, viumbe wanaofanana na binadamu lakini wasiokufa kwa uzee. Mfalme wao ni Thranduil, baba wa Legolas, na jumba lake limechimbwa chini ya ardhi. Kusini kuna ngome ya Dol Guldur, chanzo cha giza lote. Kwenye ukingo wa magharibi wanaishi binadamu wa misituni, na karibu nao kuna Rhosgobel, makao ya mchawi mwema Radagast.

Historia ndani ya hadithi

Katika Zama za Tatu, yapata mwaka 1050, kivuli kilianza kuufunika msitu. Mtawala wa Dol Guldur alidhaniwa kuwa mchawi tu anayeita roho za wafu. Mwaka 2850 mchawi mwema Gandalf aliingia ngomeni kwa siri na kuthibitisha kuwa mtawala huyo ni Sauron, adui mkuu wa Middle-earth. Hata hivyo, Sauron alifukuzwa mwaka 2941 tu. Alikuwa amejiandaa kuondoka, akarudi katika nchi yake ya Mordor, na miaka kumi baadaye akawatuma watumishi wake kuikalia ngome tena.

Baada ya Sauron kushindwa kabisa mwaka 3019, Waelfi waliiteka Dol Guldur, na Galadriel akazibomoa kuta zake. Msitu ukapewa jina jipya la Eryn Lasgalen, yaani "Msitu wa Majani Mabichi".

Hatari za msitu

* Giza. Mchana mwanga ni hafifu, na usiku mtu hauoni hata mkono wake. Macho ya wanyama hung'aa kati ya miti. Moto ukiwashwa, nondo na popo huja kwa wingi, hata wasafiri huona afadhali wakae gizani.
* Njaa. Karibu hakuna cha kuliwa. Kindi weusi huwindika, lakini nyama yao hailiki kwa ubaya wa ladha.
* Kijito cheusi. Maji yake yana uchawi: anayeyanywa au kutumbukia ndani yake hushikwa na usingizi mzito na kusahau mambo.
* Mianga. Taa za karamu huonekana mbali na njia. Mgeni akizifikia, zote huzimika ghafla.
* Buibui. Ni wakubwa, wanaongea, na huwafunga mateka wao kwa utando ili wawale baadaye.

Safari ya Bilbo Baggins

Katika The Hobbit, vibete 13 wakiongozwa na Thorin, pamoja na hobiti Bilbo Baggins, wanalazimika kuupita msitu huu ili wafike Erebor. Kuuzunguka kwa kaskazini kungewaongezea maili kama 200, na kwa kusini mara mbili ya hizo. Tena pande zote mbili zina hatari zake. Beorn na Gandalf wanawapa onyo lililo wazi: wasiyanywe maji ya kijito, na kwa vyovyote wasiiache njia.

Onyo hilo ndilo linalobeba kisa chote. Kwanza, kibete Bombur anatumbukia kijitoni, na wenzake wanalazimika kumbeba akiwa amelala. Chakula kinapokaribia kwisha, Bilbo anapanda mti kutafuta mwisho wa msitu, lakini anaona majani tu pande zote. Kwa kweli mwisho hauko mbali; mti huo umeota karibu na chini ya bonde pana, kwa hiyo hauwezi kuonekana. Wasafiri wanakata tamaa kwa sababu ya jambo ambalo si kweli, na baada ya hapo wanaiacha njia kufuata mianga ya karamu.

Wenye karamu si waovu. Ni Waelfi wa Thranduil, nao wanatoweka kwa kuwashuku wageni wanaowavamia gizani, ilhali wageni hao wamekuja kuomba chakula. Vibete wanapotea na kunaswa na buibui. Bilbo, akitumia pete inayomfanya asionekane pamoja na upanga wake mdogo, anawaokoa. Tangu hapo vibete wanaanza kumheshimu. Baadaye Waelfi wanawafunga gerezani, na Bilbo anawatorosha ndani ya mapipa yanayoelea mtoni.

Chimbuko la buibui

Tolkien alizaliwa Bloemfontein, Afrika Kusini, na huko aliumwa na buibui mkubwa akiwa mtoto mdogo. Wasomaji wengi wamehusisha tukio hilo na buibui wa Mirkwood. Mwenyewe alisema hakulikumbuka vizuri na kwamba hakuwachukia buibui. Mwanawe Michael ndiye aliyewaogopa.

Filamu na michezo

Mirkwood inaonyeshwa katika filamu ya The Hobbit: The Desolation of Smaug (2013) iliyoongozwa na Peter Jackson, ambamo Lee Pace aliigiza kama Thranduil. Mchezo wa kompyuta The Lord of the Rings Online ulipata sehemu ya nyongeza kuhusu msitu huo mwaka 2009.