Dada Aliyefutwa

Mimi nilimpenda Marlene Dietrich kwa sababu moja tu: alikataa. Alizaliwa Berlin mwaka 1901. Tarehe 1 Aprili 1930, usiku uleule filamu yake Der blaue Engel ilipozinduliwa, akaondoka kwenda Marekani. Wakubwa wa Hitler wakambembeleza arudi awe nyota wao. Wapi! Mwaka 1939 akachukua uraia wa Marekani, na vita vilipopamba moto akaenda kuwaimbia askari wa huko. Aliporudi Ujerumani kuimba mwaka 1960, wapo waliomngoja na mabango ya kumfukuza. Msaliti, walimwita.

Shujaa, sivyo? Ngoja kwanza, msomaji mwenzangu.

Marlene alikuwa na dada, Elisabeth. Yeye na mumewe waliendesha sinema Bergen-Belsen, na walinzi wa kambi ya mateso walikuwa wakienda pale kutazama picha. Marlene alimkuta hukohuko mwaka 1945. Baadaye, mbele ya watu, akawa anasema hana dada kabisa. Halafu mwaka 1961, katika Judgment at Nuremberg, akaigiza mjane wa jenerali anayeshikilia kwamba wao hawakujua kitu!

Alifia Paris mwaka 1992, akazikwa Berlin karibu na mama yake. Je, bado nampenda? Ndiyo, tena zaidi. Serikali nzima aliikataa waziwazi. Aibu ya nyumbani ikamshinda. Sisi tunaotaka kuandika habari za mashujaa, tusimfute dada.