Robert Stewart wa Mount Stewart: Kutoka Kura hata Ulodi

Robert Stewart alizaliwa mwaka 1739 katika ukoo wa Kipresbiteri wenye mashamba makubwa katika jimbo la Down, kaskazini ya Ireland. Mwaka 1771 wapiga kura wa Down, pamoja na wengi wa madhehebu yake, walimpeleka katika Bunge la Dublin. Alishindwa mwaka 1783, wala hakurudi tena kwa kura ya jimbo.

Tangu hapo alipanda kwa ngazi nyingine. Mkewe wa pili alikuwa binti wa Lord Camden, mmoja wa wakuu wa serikali ya Uingereza. Mwaka 1789 Stewart alifanywa Baron Londonderry. Mwaka 1795, shemeji yake alipokuwa mwakilishi wa Mfalme Dublin, akawa Viscount. Na mwaka 1796, Earl.

Umbali uliokuwapo baina yake na watu wake wa kwanza ulidhihirika katika maasi ya 1798. James Porter, kasisi wa Kipresbiteri wa Greyabbey, jirani ya Mount Stewart, aliyekuwa amewadhihaki makabaila katika maandishi yake, alinyongwa. Husimuliwa kwamba mkewe alikwenda kumwombea kwa lodi huyo, asisikilizwe.

Muungano wa 1800, alioupigania sana mwanawe Castlereagh, ulilifuta Bunge la Dublin. Mzee alichaguliwa na malodi wenziwe kuketi katika Baraza lao London. Mwaka 1816 akawa Marquess, na mwaka 1821 akafa. Vyeo vyake vilikuwa vinne, wala hata kimoja hakikutoka mikononi mwa wale waliomtuma kwanza.