Che Guevara: familia yake na misiba iliyomfikia Fizi

Ernesto Guevara de la Serna, anayejulikana duniani kwa jina la Che na katika milima ya Fizi kwa jina la Tatu, alizaliwa Rosario, Argentina, tarehe 14 Juni 1928, akauawa La Higuera, Bolivia, tarehe 9 Oktoba 1967. Kati ya miaka hiyo 39, takriban miezi saba ya mwaka 1965 aliimaliza katika ukanda wa Fizi na Baraka, upande wa magharibi wa Ziwa Tanganyika, akiwasaidia waasi wa Kongo waliobaki baada ya vita vya Simba. Mapigano ya miezi hiyo yameandikwa sana. Yanayosahaulika ni mambo ya nyumbani kwake: ni wakati huohuo mama yake alipofariki, barua yake ya kuaga iliposomwa hadharani, na mtoto wake wa mwisho alipojifunza kutambaa bila kumwona baba.

Che alikuwa kifungua mimba wa Ernesto Guevara Lynch na Celia de la Serna, akifuatiwa na Celia, Roberto, Ana María na Juan Martín. Alishikwa na pumu kabla hajatimiza miaka miwili, baada ya mama yake kumpeleka kuogelea siku ya baridi ya Mei 1930. Baba alimlaumu mke wake kwa miaka mingi, na lawama hiyo ilizidisha mivutano katika ndoa ambayo baadaye ilivunjika. Kwa ajili ya mapafu ya mtoto, familia nzima ilihamia Alta Gracia, kwenye vilima vya Córdoba. Siku alizoshindwa kwenda shule, Celia alimfundisha nyumbani kusoma, kuandika na Kifaransa. Kifaransa hicho kilimsaidia baadaye kuzungumza na makamanda wa Kongo. Mama na mwana walizoeana kuliko ilivyo kawaida ya mzazi na mtoto mkubwa: waliandikiana barua ndefu za siasa, waligombana na kutaniana, na hakuna mtu mwingine katika ukoo huo aliyemwelewa kijana huyo kama Celia.

Kifo cha kwanza kilichobadili maisha yake kilikuwa cha bibi yake mzaa baba, Ana Isabel Lynch, mwaka 1947. Kijana Ernesto aliacha shughuli zake akakaa kando ya kitanda cha bibi kwa siku 17, akimlisha na kumuuguza hadi akakata roho. Alikuwa amekusudia kusomea uhandisi. Baada ya mazishi alijiandikisha katika chuo cha udaktari Buenos Aires.

Ndoa yake ya kwanza ilifungwa Mexico mwaka 1955 na Hilda Gadea, mwanauchumi kutoka Peru aliyekutana naye Guatemala. Binti yao, Hilda Beatriz, alizaliwa tarehe 15 Februari 1956. Mtoto huyo alikuwa na miezi tisa baba yake alipopanda mashua ya Granma pamoja na Fidel Castro kwenda kuanzisha vita Cuba. Ndoa haikupona umbali ule. Vitani Che alimpenda Aleida March, mwalimu na mjumbe wa siri wa wapiganaji wa mji. Alipovunjika mkono Cabaiguán, Desemba 1958, Aleida alimpa kitambaa chake cheusi cha shashi auegemezee mkono. Talaka ilikamilika Mei 1959, na tarehe 2 Juni mwaka huo alimwoa Aleida.

Watoto wanne walifuata kwa haraka: Aleida mwaka 1960, Camilo 1962, Celia 1963 na Ernesto 1965. Majina mawili kati ya hayo yanabeba simulizi. Celia alipewa jina la bibi yake. Camilo alipewa la Camilo Cienfuegos, kamanda mwenzake na rafiki wa karibu, ambaye ndege yake ilipotea angani Oktoba 1959 na haikuonekana tena. Baba yao alikuwa waziri wa viwanda aliyerudi nyumbani usiku wa manane, akaingia kazi za kujitolea siku za Jumapili, na kusafiri miezi kwa miezi. Ernesto alipozaliwa, tarehe 24 Februari 1965, Che alikuwa Algiers akitoa hotuba yake kali ya mwisho kwenye jukwaa la kimataifa. Siku chache kabla yake alikuwa Dar es Salaam, alikokutana na Laurent-Désiré Kabila na kuahidi msaada. Alirudi Havana katikati ya Machi, akampakata mtoto kwa muda wa wiki mbili hivi, na tarehe 1 Aprili akaondoka tena akiwa amejibadilisha sura.

Usiku wa kuamkia tarehe 24 Aprili mashua ilimvusha kutoka Kigoma hadi Kibamba, kijiji cha ufukweni katika eneo la Fizi. Waliotangulia walipewa majina ya hesabu: Víctor Dreke akawa Moja, José María Martínez Tamayo akawa Mbili, na yeye Tatu. Waasi waliambiwa kwamba ni daktari na mkalimani wa Kifaransa. Makamanda hawakujua ni nani, na familia yake Argentina haikujua yuko wapi. Kabla ya kuondoka alikuwa amewaandikia wazazi wake barua ya kuaga, lakini ilizuiwa Havana ili siri ya safari isivuje. Celia alikuwa akisikia uvumi tu: mwanawe amefungwa, amegombana na Castro, amerukwa na akili. Barua aliyomwandikia Aprili, akimshauri aende nchi ya Afrika kama Cuba haimtaki tena, haikumfikia.

Celia alikuwa amewahi kuugua saratani miaka ya nyuma, na safari hii ilirudi kwa nguvu. Alilazwa Buenos Aires mapema Mei 1965. Marafiki walituma simu ya maandishi Havana wakimwomba Che ampigie mama yake. Aliyeweza kupiga ni Aleida, na hakuweza kumwambia mgonjwa mumewe yuko wapi. Celia alifariki katikati ya mwezi huo, bila kumwona mwanawe wala kuisoma barua ya kuaga iliyokuwa tayari imeandikwa.

Habari ilifika Kibamba mwishoni mwa Mei, ikiletwa na Osmany Cienfuegos, waziri wa Cuba na ndugu wa yule Camilo aliyepotea na ndege. Alichosema ni kwamba mama ni mgonjwa sana. Che aliutambua ujumbe wa aina hiyo, unaotumwa mbele ili kulainisha moyo kabla ya ule wenyewe. Katika kumbukumbu zake za Kongo ameutaja kuwa habari ya huzuni kuliko zote za vita vile. Alikaa kama mwezi mzima katika mashaka, akikisia jibu lakini akitumaini kwamba amekosea, kabla ya kifo kuthibitishwa. Huko Fizi, nchi ya Wabembe, ambako kifo huwakusanya majirani na jamaa matangani kwa siku kadhaa, mtu huyu alikaa na msiba wake peke yake, kwa kuwa hata jina la marehemu lingefichua jina lake.

Aliandika. Katika kambi ya mlimani juu ya Kibamba alitunga kisa kifupi kiitwacho Jiwe, kuhusu namna mtu mzima anavyopokea habari kama ile mbele ya askari wake. Ndani yake anavitaja vitu viwili vya nyumbani alivyovibeba vitani: kitambaa cha shashi cha mke wake, na pete ya funguo yenye kijiwe, zawadi ya bei nafuu kutoka kwa mama, ambacho kilikuwa kimebanduka naye akakitia mfukoni. Ni kazi ndogo, na pengine ndiyo maandishi yake ya wazi kuliko yote. Kamanda aliyedai nidhamu ya chuma anakiri humo kwamba anamhitaji mama yake, na kwamba machozi hayaji.

Misiba mingine haikungoja huo upoe. Tarehe 7 Juni, Léonard Mitoudidi, mnadhimu mkuu wa waasi aliyekuwa ameanza kuleta utaratibu Kibamba na ambaye Che alimwamini kuliko viongozi wengine, alizama ziwani karibu na ufuko baada ya kuanguka kutoka kwenye mashua. Mwisho wa mwezi, katika shambulio lililoshindwa dhidi ya ngome ya serikali ya Bendera, Wakuba wanne waliuawa pamoja na Wanyarwanda waliopigana upande wao. Hadi mwisho wa vita Wakuba sita walikuwa wamekufa Kongo. Che mwenyewe aliugua malaria na kuhara, na pumu ilimbana katika unyevunyevu wa ziwa. Kati ya Agosti na Septemba alitembelea Fizi na Baraka, akapokewa kwa ngoma na heshima, lakini hakuona maandalizi ya kujilinda. Mwishoni mwa Septemba majeshi ya serikali na mamluki wa Mike Hoare walishuka karibu na Baraka, na muda mfupi baadaye Fizi nayo ikaanguka.

Tarehe 3 Oktoba 1965 Castro aliisoma hadharani Havana barua ambayo Che alikuwa amemwachia, iliyosema kwamba hawaachii mke na watoto mali yoyote na kwamba hilo halimsikitishi, kwa kuwa serikali itawalea. Aleida alikuwa ukumbini. Barua hiyo ilimfungia mlango wa kurudi Cuba hadharani. Huko Kongo nako iliwafanya baadhi ya Wakuba wamwone kama mgeni aliyekwisha kuwaaga, jambo ambalo yeye mwenyewe aliliandika kwa uchungu. Katika miezi hiyo Aleida alimwomba amruhusu kumfuata. Che alikataa, akimsihi kwa maneno ya mapenzi asimdhoofishe. Inawezekana kuuelewa uamuzi wake kwa mantiki ya vita na bado kuona kwamba gharama yake walilipa wengine: mwanamke aliyebaki na watoto wanne wadogo, mkubwa wao akiwa hajatimiza miaka mitano.

Usiku wa kuamkia 21 Novemba 1965 Wakuba walivuka kurudi Kigoma. Mashua hazikutosha. Wapiganaji wa Kongo na watu wa vijiji walijaa ufukweni wakiomba kubebwa, na Che alilazimika kuchagua nani apande, huku wengine wakilia. Jambo hilo halikumtoka. Kabila hakuwepo usiku huo, lakini baadaye alirudi kuishi milima hiyohiyo na familia yake. Mwanawe Joseph, aliyekuja kuwa rais, anaelezwa kuwa alizaliwa huko mwaka 1971.

Kati ya Wakongo walioingia katika maisha yake, Freddy Ilanga ndiye anayestahili kutajwa kwa urefu, kwa kuwa hatima yake inafanana na ya watoto wa Che. Alikuwa na miaka 16 alipopewa kazi ya kumfundisha Tatu Kiswahili na kumtafsiria. Alikaa naye miezi yote saba, kisha akapelekwa Cuba. Huko alisoma udaktari, akawa bingwa wa upasuaji wa ubongo kwa watoto. Kwa karibu miaka 40 nyumbani kwao hawakujua kama yu hai. Alipowasiliana tena na jamaa zake wa Bukavu, ilikuwa miaka ya 2000. Alifariki mwaka 2005.

Che alijificha Dar es Salaam katika ubalozi wa Cuba, akiandika kumbukumbu za Kongo. Mapema mwaka 1966 Aleida aliletwa kwake kwa siri. Waliishi wiki kadhaa katika chumba kimoja bila kutoka nje, na Aleida ameeleza kuwa ndio wakati wao wa kwanza wa kukaa wawili peke yao, bila walinzi wala kazi. Huko ndiko Che alikomwandikia Hilda Beatriz barua ya kutimiza miaka kumi. Wakaonana tena Prague, na Julai mwaka huo akarudi Cuba kimyakimya kujiandaa kwa Bolivia.

Oktoba 1966, kabla ya kuondoka, aliletewa watoto wadogo wamwone. Alikuwa amenyolewa upara, amevaa miwani na kujiita Ramón, rafiki wa baba yao. Hilda Beatriz hakuletwa, kwa kuwa umri wake ungemwezesha kumtambua. Aleida mdogo alianguka akajigonga kichwa, na mgeni huyo akamshika na kumtibu kwa upole mwingi hata mtoto akamnong'oneza mama yake kwamba anadhani mzee yule anampenda. Che aliyasikia maneno hayo na hakuweza kujibu kama baba.

Bolivia alikwenda na baadhi ya Wakuba waliokuwa naye Fizi. Harry Villegas alibaki na jina lake la Kongo, Pombo, na Carlos Coello alibaki Tumaini. Coello alipouawa Juni 1967, Che aliandika katika shajara yake kwamba amempoteza kana kwamba ni mwanawe. Yeye mwenyewe alikamatwa tarehe 8 Oktoba, akapigwa risasi siku iliyofuata, na mwili wake ukazikwa kwa siri. Familia ilikaa miaka 30 bila kaburi. Mifupa ilifukuliwa Vallegrande mwaka 1997, ikazikwa Santa Clara, Cuba.

Hilda Gadea alifariki mwaka 1974, na Ernesto Guevara Lynch mwaka 1987, akiwa amehamia Havana. Hilda Beatriz alikufa kwa saratani mwaka 1995, akiwa na miaka 39 kama baba yake. Camilo, aliyetumia miaka mingi kutunza maandishi ya baba, alifariki Caracas mwaka 2022. Aleida binti alisomea udaktari wa watoto, na ndiye aliyeandika utangulizi wa kumbukumbu za Kongo zilipochapishwa kikamilifu mwaka 1999.